Zuri, jina lililotoka kamusini

Kuna jina la Kiswahili ambalo Waswahili wenyewe hatukulitunga. Mabibi wa Lamu, Bagamoyo na Unguja hawakuwaita hivyo watoto wao, na katika koo ninazozifahamu hakuna aliyelirithi kwa nyanya yake. Jina hilo limekulia Marekani, katika nyumba za watu weusi, na sasa ndiyo kwanza linaanza kurudi huku, kwenye kadi za kliniki za watoto wa Nairobi na Dar es Salaam. Ni Zuri.

Shangazi yangu wa Tanga aliposikia kwamba mjukuu wa jirani ameitwa Zuri, alinyamaza kidogo kisha akauliza, "Zuri nini, mwanangu?" Nikamwambia ndiyo jina lenyewe, limeishia hapo. Hakuridhika. "Mtu ni mzuri," akasema. "Nguo ni nzuri, kitanda ni kizuri. Zuri peke yake ni nini?" Hakusoma sarufi darasani, lakini alikuwa ameshika kiini cha jambo. Neno hili kwetu halitembei peke yake. Hufuata kitu, na hubadilika kulingana na kitu hicho.

Sasa fungua kamusi yoyote ya Kiswahili, iwe ile ya Frederick Johnson ya mwaka 1939 au Kamusi ya Kiswahili Sanifu ya 1981. Tafuta mzuri kwenye herufi M, hutalipata. Utalikuta neno mwishoni kabisa, kwenye Z, likiwa na kistari mbele yake: -zuri. Kistari kile ni ishara kwa msomaji kwamba hapa pana nafasi, weka kiambishi kinachofaa. Anayekijua Kiswahili hukijaza bila kufikiri. Lakini mzazi wa Chicago au Oakland anayetafuta jina la binti yake, asiye na mtu wa kumuuliza, anaona neno fupi, linatamkika, lina maana tamu. Anakiacha kistari na kulichukua neno. Naamini hivyo ndivyo jina lilivyozaliwa: kwenye ukurasa wa kamusi, au kwenye orodha iliyonakiliwa kutoka kamusi, na mtu aliyekuwa akiitafuta Afrika kwa njia aliyoipata.

Ushahidi mwingine umo katika katuni ya Disney ya The Lion Guard, iliyoanza kuonyeshwa mfululizo mwaka 2016. Kiara, binti Simba, ana marafiki wawili, simba wadogo wa kike. Mmoja anaitwa Zuri. Mwenzake anaitwa Tiifu. Hili nalo ni la aina ileile: kamusini limeandikwa -tiifu, kwa kistari, likisubiri kuwa mtiifu au watiifu. Waliotunga majina hayo wamepita mlango uleule.

Wapo wanaosema basi jina hili ni kosa na lisipewe mtoto. Mimi sikubaliani nao, na sababu ya kwanza naipata kwenye sarufi hiyohiyo. Kipo kikundi kimoja cha majina ambacho neno hili husimama nacho likiwa hivyo lilivyo, halina m- wala ki- wala n- mbele yake: jua zuri, ua zuri, tunda zuri, embe zuri, shamba zuri, jambo zuri. Na jina zuri. Neno jina lenyewe limo katika ngeli hiyo. Wala si vitu tu. Mama anapomnyanyua mwanawe baada ya kumwogesha na kumpaka mafuta, akampakata na kuanza kumchezesha, humwita mtoto? Humwita toto. "Toto zuri la mama." Ndiyo Kiswahili tunachowasemesha watoto wachanga kila siku, na humo Zuri amekaa mahali pake bila kuvunja kanuni yoyote. Huyo mzazi wa Chicago hakujua hilo, lakini ndivyo ilivyo.

Kuutia wema na urembo ndani ya jina la mtu ni desturi ya zamani katika lugha za jirani zetu. Nchini Rwanda na Burundi, neno -iza lina maana inayokaribiana sana na -zuri yetu, na kutokana nalo wamepatikana kina Mwiza, kina Keza na kina Bwiza. Magharibi mwa Uganda, -rungi imezaa Karungi, Kirungi na Birungi. Wenzetu hao waliweka kiambishi, kila mmoja alichokipenda. Waswahili wa pwani tulishika njia nyingine: tulipotaka kumwita mtoto kwa uzuri tulilichota neno kwenye Kiarabu. Jamila ni mzuri. Husna ni uzuri. Hasani na Huseni wametoka kwenye shina hilohilo la Husna. Kwa hiyo wazo si geni hata kidogo. Geni ni kulitumia neno letu la kila siku, tunalolisema sokoni na jikoni, pale tulipozoea kuweka neno la kitabuni.

Sababu ya pili inatoka kwa waliolianzisha, na hapa inabidi kurudi nyuma.

Watu waliopelekwa Marekani utumwani walitoka zaidi Afrika Magharibi na ya kati, kuanzia Senegambia mpaka Angola. Wachache sana walitoka huku kwetu. Wengi walinyang'anywa majina yao, wakapewa waliyoyataka mabwana. Wengine waliyaficha majina yao ndani ya majina mapya: Cudjo wa mashamba ya Marekani ni Kojo wa Ghana, mwanamume aliyezaliwa Jumatatu. Baada ya vizazi kadhaa hata hayo yalififia. Ilipofika miaka ya 1960, kijana mweusi wa Los Angeles aliyetaka jina la Kiafrika hakuwa na njia ya kujua kama babu yake alikuwa Mwigbo, Mmende au Mkongo.

Ndipo Kiswahili kilipopata nafasi. Hakikuwa lugha ya kabila moja, kiliunganisha mataifa, na kilikuwa lugha ya nchi iliyokuwa ikitazamwa na dunia nzima ya watu weusi: Tanzania ya Mwalimu Nyerere, yenye Azimio la Arusha la 1967, ambayo mwaka 1974 iliwakaribisha Dar es Salaam wajumbe wa Kongamano la Sita la Umajumui wa Afrika. Maulana Karenga, aliyezaliwa Maryland kwa jina la Ronald Everett, alipoanzisha sikukuu ya Kwanzaa Los Angeles mwaka 1966, aliijenga juu ya nguzo saba zenye majina ya Kiswahili: umoja, kujichagulia, ujima, ujamaa, nia, kuumba, imani. Mezani huwekwa mkeka, kinara cha mishumaa saba, kikombe cha umoja, mazao, magunzi ya mahindi kwa hesabu ya watoto wa nyumba hiyo, na zawadi. Vyote huitwa kwa Kiswahili na watu ambao pengine hawawezi kuomba maji kwa lugha hiyo. Kati ya nguzo hizo saba, mbili ziliondoka mezani zikawa watoto. Nia na Imani ni majina ya maelfu ya wanawake wa Marekani leo.

Vitabu vikafuata. Mwaka 1971 Muriel Feelings, aliyewahi kufundisha Uganda, alitoa Moja Means One, kitabu cha kuhesabu cha watoto kilichochorwa na mumewe Tom Feelings, na mwaka 1974 wakatoa Jambo Means Hello, kinachopita herufi moja moja za Kiswahili. Mwaka 1972 kampuni ya Johnson ya Chicago, wachapishaji wa jarida la Ebony, ilitoa kitabu cha majina ya Kiafrika cha Ogonna Chuks-orji. Mama mjamzito aliweza sasa kukaa kitini na kuchagua.

Lakini kwa nini achague uzuri, wakati angeweza kuchagua nguvu, ushindi, uhuru au amani?

Jibu nalipata katika jaribio la Kenneth Clark na mkewe Mamie, wanasaikolojia weusi waliofanya kazi yao miaka ya 1940. Walichukua wanasesere wanne waliofanana kila kitu isipokuwa rangi, wamevalishwa nepi tu, wakawaweka mbele ya watoto weusi 253 wa umri wa miaka 3 hadi 7. Wakawaambia: nipe mwanasesere unayependa kucheza naye. Nipe aliye mzuri. Nipe anayeonekana mbaya. Walio wengi, watoto weusi wenyewe, walipoulizwa aliye mzuri walinyoosha mkono kwa yule mweupe, na walipoulizwa aliye mbaya walimshika mweusi. Kisha likaja swali la mwisho: nipe anayefanana nawe. Wapo watoto waliolia, wapo waliokimbia chumba. Kazi hiyo ya Clark ilitajwa katika hukumu ya Mahakama Kuu ya Marekani ya mwaka 1954 iliyokataza kutenganisha shule kwa rangi.

Ukilisoma jaribio lile, ndipo unapoelewa kwa nini kizazi kilichofuata kiliandamana na kauli kwamba weusi ni uzuri, na kwa nini mtu angetaka neno hilo liwe la kwanza mtoto kulisikia kila asubuhi. Binti anayeitwa Zuri huulizwa maana ya jina lake tangu anapoanza shule, na kila akiulizwa inambidi aitaje sifa yake mwenyewe kwa kinywa chake mbele za watu. Anafanya hivyo mara mamia kabla hajafika kumi na mbili. Sijui jina lingine linalomfundisha mtoto somo hilo kwa urahisi namna hiyo.

Televisheni ndiyo iliyolisambaza. Kiswahili kilikuwa kimekwisha tia mguu humo tangu 1966, mwaka uleule wa Kwanzaa, pale Luteni Uhura alipoonekana katika Star Trek. Nichelle Nichols, aliyeigiza nafasi hiyo, alisimulia kwamba alikwenda kwenye usaili akiwa na kitabu cha Robert Ruark kiitwacho Uhuru, na neno hilo likageuzwa mwisho wake ili lionekane la kike kwa masikio ya Kizungu. Zuri hakuhitaji kugeuzwa. Mwaka 2011 Disney walianza kuonyesha Jessie, mchezo wa familia ya kitajiri ya New York yenye watoto wa kulea, na mdogo wa kike, aliyetoka Uganda, aliitwa Zuri Ross, akiigizwa na Skai Jackson. Watoto wa Marekani wa rangi zote walikua na jina hilo sebuleni kwao. Mwaka 2018 likaja katika filamu ya Black Panther, safari hii likiwa la mwanamume: Zuri ni mzee mlinzi wa mimea mitakatifu ya Wakanda, akiigizwa na Forest Whitaker, ambaye miaka kumi na miwili nyuma alijifunza Kiswahili ili amwigize Idi Amin. Kwamba mzee na binti wanaweza kushiriki jina moja ni jambo ambalo Kiswahili hakina shida nalo. Mzuri wetu hana jinsia.

Mamlaka ya Hifadhi ya Jamii ya Marekani hutangaza kila mwaka majina ya watoto, kwa takwimu zinazorudi nyuma hadi 1880, na jina lisilofikisha watoto watano kwa mwaka halionyeshwi, ili kulinda faragha ya wenye nalo. Kwa miaka mingi Zuri lilikuwa huko chini, adimu kabisa. Katika muongo wa 2010 lilipanda likaingia kwenye majina elfu moja yanayoongoza ya wasichana. Umbo lake limelisaidia: silabi mbili, kila moja inaishia kwa irabu, mkazo unaangukia zu kwa Mmarekani kama unavyoangukia kwetu. Majina mengi yetu huharibika yakivuka bahari. Hili limefika salama.

Kubeba jina la namna hii huko si kazi nyepesi. Mwaka 2004 wachumi Marianne Bertrand na Sendhil Mullainathan walichapisha utafiti wao: walipeleka maombi ya kazi karibu 5,000 kwa waajiri wa Boston na Chicago, sifa zikilingana, majina yakitofautiana. Waliokuwa na majina yanayosikika ya Kizungu walipigiwa simu kwa asilimia 50 zaidi ya waliokuwa na majina yanayosikika ya watu weusi. Jina la kiume walilolitaja katika kichwa cha utafiti wao kama mfano wa lile linalokataliwa ni Jamal. Kila mtu wa pwani yetu anajua maana ya Jamali. Ni uzuri. Wazazi wanaomwita binti yao Zuri wanajua yaliyompata Jamal mlangoni mwa mwajiri, na bado wanamwita. Huo ni ujasiri ninaouheshimu sana, na ndiyo maana sipendi kusikia mtu wa kwetu akiwacheka kwa kusahau kiambishi.

Tena sisi tunayajua haya ya kupewa jina usilolitaka. Mwimbaji mkuu wa taarabu Zanzibar, aliyezaliwa Fumba mnamo 1880 kwa baba Mnyamwezi na mama Mzigua, hakuitwa Siti alipozaliwa. Aliitwa Mtumwa. Utumwa ulipigwa marufuku Unguja kwa amri ya mwaka 1897, lakini jina lilikuwa limeshikamana naye. Aliposhika mji kwa sauti yake ndipo akawa Siti, yaani bibi mwenye heshima, na kwa jina hilo la Siti binti Saad alikwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi nyimbo kwenye sahani za santuri, na kwa jina hilo Shaaban Robert akaandika wasifu wake. Pwani hii ilikuwa na kina Feruzi, Almasi, Marjani na Mabruki waliopewa majina ya vito na baraka na watu waliowanunua. Majina yenyewe ni mazuri, na wajukuu wao wanayabeba kwa heshima. Ila anayeelewa Mtumwa alivyokuwa Siti hana haja ya kuelezwa sana kwa nini Ronald alitaka kuwa Maulana.

Linalonikera ni jingine: vitabu na orodha za majina zinazouza maana za kubuni kwa jina la Kiswahili. Wameandika kwamba Nala, mke wa Simba wa sinema, maana yake ni zawadi. Zawadi ni zawadi; nala, kwa Kiswahili, ni mtu kusema kwamba anakula. Wameandika kwamba Jelani ni mwenye nguvu. Sisi tunaye Jilani, na tunamjua alikotoka: ni jina la heshima kwa Sheikh Abdulkadir Jilani, aliyetoka Gilan katika Uajemi na kuzikwa Baghdad mwaka 1166, ambaye zikri ya tarika yake ya Kadiria ilienezwa pwani yetu na Sheikh Uways wa Barawa. Hiyo ni historia ya miaka mia tisa, na mtoto wa Marekani mwenye jina hilo amenyimwa kwa kupewa neno moja lisilo na asili. Wazazi hawa wanatafuta kwa dhati. Wanastahili kuambiwa ukweli na watu wenye lugha, na kazi hiyo ni ya vyuo vyetu, mabaraza yetu ya Kiswahili, na sisi waandishi. Sanaa waliipata sawasawa. Imani waliipata. Zuri waliipata maana, wakaacha umbo, na umbo nalo limewatii.

Huku kwetu anayerudi na jina hili kwa kawaida ni mzazi kijana wa mjini, aliyelisikia kwenye televisheni au kwa ndugu aliyeko Houston au Minneapolis. Sarufi ya sentensi haina tatizo: tunasema Zuri amelala, Zuri anaumwa, kama tunavyosema Pendo amefika na Tumaini ameolewa, maneno ambayo nayo kwa asili hayakuwa ya watu. Anayeona jina linapwaya analiunga na la ukoo, akapata Zuri Mwanaisha au Zuri Nyambura. Na anayetaka kumridhisha bibi wa Tanga anaweza kumwambia ni toto zuri, neno toto limebaki nyumbani.

Ila Zuri wa Dar es Salaam ana yake ya kukabili. Saluni atakamosukwa nywele huenda ikawa na kopo la mkorogo kwenye rafu, na kuna mafundi wa urembo watakaomwambia mama yake kwamba mtoto "anafubaa" na kwamba kuna mafuta ya kumrudishia nuru. Serikali zetu zimepiga marufuku vipodozi vyenye zebaki na haidrokwinoni, lakini bado vinauzwa, na wanunuzi si Wamarekani. Wanasesere wa Clark hawakubaki Marekani. Ukipita madukani Kariakoo utaona kwenye mifuko ya nailoni wanasesere weupe, nywele za dhahabu, bei poa. Mzazi anayeandikisha jina Zuri kwenye cheti cha kuzaliwa amechukua upande katika jambo hilo, awe anajua au hajui. Ningependa ajue. Amwambie binti yake kwamba jina lake halikuokotwa kwenye katuni: lilichaguliwa na watu waliokuwa wameambiwa kwa miaka mia tatu kwamba wao ni wabaya, wakaenda kutafuta neno la kukanusha, na kati ya lugha zote za Afrika wakalichukua kutoka kwenye lugha anayoizungumza yeye.

Na akimpata wa pili, nakumbusha kwamba Chausiku hajapewa mtoto siku nyingi, wala Mwanahawa, wala Subira.